Kisanduku cha Elimu ya Mizongo: nchi ya kubuni iliyopimwa vizuri, isipokuwa kadi ya 7

Kisanduku hiki nilikinunua kwa shilingi 28,000 katika duka dogo la vitabu na kazi za mikono huku Mji Mkongwe, Bagamoyo. Ndani yake mna kijitabu, kadi 24 za michoro, ramani ya kukunjua na kigingi cha mbao kilichofungwa uzi. Vyote vinahusu taaluma isiyofundishwa popote hapa duniani, yaani elimu ya mizongo (mistari inayozunguka kitovu huku ikizidi kwenda nje), ambayo makao yake ni mji wa kubuni wenye mtaa mmoja tu, unaoanza gatini na kukizunguka kilima hadi kileleni.

Kilichonivutia ni kwamba waandishi hawakuishia kwenye maajabu. Wanazuoni wa mji huo hukiuliza kila kitu kilichojizonga maswali matatu, kiwe pembe ya mnyama au moshi wa ubani: kimeanzia wapi, kinazungukia kulia au kushoto, na kila mzunguko unaongeza kiasi gani. Swali la tatu ndilo lililowafarakanisha. Watu wa kamba wanashikilia kwamba mzongo halali ni ule unaoacha nafasi ileile kati ya mzunguko na mzunguko, ilhali watu wa magamba wanasema mzongo ulio hai haujumlishi bali huzidisha, kwa hiyo kila mzunguko hupanuka kuliko uliotangulia kwa uwiano usiobadilika. Ugomvi huu umebuniwa, lakini umesimama juu ya hisabati ya kweli. Mzongo wa nafasi sawa ulichambuliwa na Archimedes, mwanahisabati wa Ugiriki ya kale, katika karne ya 3 kabla ya Kristo. Ule wa kuzidisha ulimteka mwanahisabati Jakob Bernoulli wa Basel, Uswisi, kiasi cha kutaka uchongwe kwenye kaburi lake.

Nawapongeza pia kwa kutorudia dai linalozagaa kwamba gamba la nautilasi, mnyama wa baharini, hufuata uwiano wa dhahabu, yaani takriban 1.618 kwa 1. Gamba hilo hupanuka takriban mara 3 kwa kila mzunguko mmoja, na mzongo wa dhahabu, unaopanuka kwa uwiano huo kila robo ya mzunguko, ungelazimika kupanuka karibu mara 7.

Zoezi bora kuliko yote limo katika sura ya pili, ambapo mwanafunzi anaamriwa kuhesabu mizongo ya tunda lenye magamba kabla ya kuruhusiwa kulila. Nilimwita mpwa wangu, tukaweka mezani nanasi la Kiwangwa, akaanza kutia alama za chaki kwenye macho ya nanasi hilo, mstari baada ya mstari, huku juisi ikimchuruzika hadi kwenye kiwiko. Upande mmoja alipata mistari 8, upande wa pili 13, kama kijitabu kilivyotabiri. Alihesabu mara tatu kwa sababu hakuamini, na nanasi likaliwa pamoja na chaki yake.

Sasa kadi ya 7. Maelezo yake yanasema kwamba huo ndio mzongo mtukufu wa watu wa magamba, unaopanuka kwa kuzidisha, lakini mchoro una mizunguko 6 iliyopangana kwa nafasi sawa kabisa. Nilimwonyesha bibi jirani yetu, ambaye ameshona ukili tangu usichana wake, bila kumweleza chochote. Aliitazama kadi, akachukua kawa lililokuwa kando yake, akafuatisha mshono kwa kidole kutoka katikati hadi ukingoni. "Mwanangu, hili ni kawa," akasema. "Konokono hajengi hivi." Ukili una upana mmoja mwanzo hadi mwisho, kwa hiyo mizunguko yake haiwezi kutanuka.

Nadhani chanzo cha kosa ni kile kigingi. Uzi ukifunguliwa kutoka kwenye kigingi cha mviringo huku umevutwa na penseli, kila mzunguko huongeza urefu uleule, yaani mzingo wa kigingi chenyewe. Kifaa hicho hakiwezi kuchora mzongo wa aina nyingine yoyote, na mchoraji, kwa maoni yangu, alikitumia kwa kadi zote bila kujiuliza. Kosa lina ukoo mkubwa: hata mchongaji wa kaburi la Bernoulli aliweka mzongo wa Archimedes mahali ulipotakiwa ule wa marehemu. Hata hivyo, katika kitabu ambacho kambi mbili zinagombana kwa ajili ya tofauti hiyohiyo, kumvisha mmoja kanzu ya mwenzake ni kuvuruga hoja nzima.

Kuhusu utengenezaji sina mengi. Karatasi ya ramani ni nyepesi mno kwa unyevu wa pwani na ilianza kuachana kwenye mikunjo ndani ya juma moja. Kiswahili cha kijitabu ni safi, na hilo pekee linatosha kunifanya nikipendekeze kwa mwalimu wa hisabati au mzazi wa mtoto wa miaka 10 na kuendelea.

Nilirudi dukani na kadi yangu. Muuzaji alisikiliza, akaandika kosa hilo kwenye daftari la kupeleka kwa watengenezaji, kisha akanikatia kipande cha karatasi ngumu cha kipimo kilekile. Mpwa wangu alitafuta gamba tupu la konokono shambani, akalitazama kwa juu na kulichora polepole, akipima kila mzunguko kwa rula yake ya shule. Hiyo ndiyo kadi ya 7 iliyomo kisandukuni sasa.