Fundi maandishi wa Kibirizi: alivyoiandika boti yangu

Wenye boti, bajaji, saluni na vibanda hapa Kigoma mnaotafuta mtu wa kuwaandikia, nendeni kwa fundi anayefanyia kazi chini ya mwembe pale Kibirizi, karibu na zinapopakia boti za abiria wa Kagunga. Ukifika uliza "fundi maandishi", hata watoto watakuonyesha. Utamkuta na makopo yake ya rangi, chaki na kamba, na mara nyingi mlango wa bajaji umeegemezwa kwenye mti ukisubiri kukauka.

Mimi nauza dagaa. Nimezaliwa Kalinzi, huko juu kwenye kahawa, nikaolewa Ujiji, na kazi ya ziwa nimeanza kwa kuanika dagaa wa watu kwenye vichanja. Boti nimeinunua kwa fedha za kikoba na za mizigo niliyokuwa natuma Tabora kwa treni. Anayeijua mialo yetu, pale boti zinaposhusha samaki, anaelewa nasema nini. Mwanamke anaanika, anakaanga, anabeba, anauza. Boti ni ya mume, ya kaka au ya tajiri wa mjini. Kwa hiyo jina la boti kwangu lilikuwa jambo kubwa, na nilikuwa nalo tayari kabla sijainunua: BINTI KALINZI, herufi kubwa, pande zote mbili za mbele.

Nahodha wangu alitaka jina la dini. Boti nyingi hapa zina majina hayo, na mimi nasali, sina neno nayo. Jirani yangu ya kwake ni nyekundu na nyeupe tangu Simba ilipoifunga Yanga 1-0 hapahapa kwenye uwanja wa Lake Tanganyika, fainali ya Kombe la Shirikisho ya 2021. Mzee mmoja wa mwaloni akaniambia, "Mama, Kalinzi kuna kahawa, hakuna ziwa." Nikamjibu, "Baba, ndiyo sababu naandika." Sisi Waha wa milimani tunashuka huku miaka yote, tunavua, tunazika watoto wetu waliochukuliwa na mawimbi, halafu bado tunaambiwa ziwa ni la wengine. Wabembe wana yao ya kusema, Wamanyema wa Ujiji wana yao, na boti zao zinasema. Na yangu iseme.

Kwanza nilipita kwa watu wa stika hapa mjini, pale Mwanga. Wanatoa kazi safi, haraka, bei nafuu. Lakini nilionyeshwa aina chache za herufi kwenye kompyuta, zote zilezile zilizoko kwenye bajaji za mji mzima, na kijana hakuniuliza swali lolote zaidi ya urefu na upana. Tena stika kwenye mbao inayolala majini huanza kunyanyuka pembeni. Nikaondoka.

Fundi wa Kibirizi alianza kwa kuuliza. "Mama, unataka lisomwe na nani? Waliomo ziwani au waliopo nchi kavu?" Sikuwa nimeulizwa hivyo na mtu. Nikamwambia nataka lisomwe na wanawake walioko kwenye vichanja, asubuhi boti inapoingia. Basi akazunguka mbele ya boti, akarudi nyuma mpaka kwenye vichanja, akachuchumaa pale wanapochuchumaa wanawake, akatazama. Aliporudi aliweka mstari wa chaki juu kuliko mafundi wengine wanavyoweka, ili maneno yasifichwe na watu wanaoingia majini kupokea mzigo, na akainamisha kidogo yafuate mkunjo wa mbao.

Nilimpelekea kanga yangu ya kisutu, ile nyekundu, nyeusi na nyeupe niliyopewa na mama mkwe siku ya harusi. Nilitaka maneno yakae kama jina linavyokaa kwenye kanga, ndani ya kisanduku chake, na pindo lizunguke. Kisutu changu hakina jina, pale panapoandikwa ni patupu, na kwa miaka mingi nilikuwa napaangalia nikijua ningeandika nini. Fundi aliitandika ile kanga juu ya boti, akapima pindo kwa kidole, akachora kwa chaki moja kwa moja. Hakucheka, wala hakuniambia kanga ni mambo ya jikoni. Alisema mjomba wake aliyemfundisha kazi kule Uvira, Kongo, alikuwa akichora vitambaa vya kina mama kwenye kuta za maduka.

Pembeni ya jina nilitaka tawi la kahawa. Akakataa kuchora kwa kukisia, akataka alione. Nikaagiza nyumbani, likaja limefungwa kwenye majani ya mgomba, likiwa na buni nyekundu na nyingine bado za kijani. Alichora zote, na zile za kijani pia.

Hii ilikuwa 2024, ziwa lilipofungwa kwa uvuvi kuanzia tarehe 15 Mei hadi 15 Agosti ili samaki wapate kuzaliana. Boti zilipandishwa mchangani na kila mtu alikuwa akigonga misumari na kuziba nyufa. Kwa fundi maandishi huo ndio msimu, na hapo ndipo kasoro yake ya kwanza ilipo: anapokea kazi nyingi kuliko mikono yake miwili. Aliniahidi siku akapitisha, akaahidi nyingine akapitisha. Nilikasirika, nikamwambia wazi, akaomba radhi. Namsifu kwa jambo moja katika huo ucheleweshaji: hakukubali kupaka rangi kwenye mbao mbichi hata nilipombana. Alisubiri ikauke, akapiga msasa, akapaka rangi ya kwanza, akaiacha ikauke tena ndipo akashika brashi ya herufi.

Kasoro ya pili. Alipomaliza nilikuta ameandika namba yake ya simu chini ya jina, kwa ukubwa unaokaribia namba ya usajili. Nikamwambia afute. Boti ni yangu na maneno yaliyo juu yake ni yangu. Alifuta bila ubishi, ila akaomba abaki na alama yake ndogo nyuma, karibu na injini: samaki mmoja wa mstari mmoja. Hiyo nilimruhusu, na ningemruhusu hata asingeomba. Yeye hana boti, na mkono wake unapita kwenye boti za wenzake mwaka mzima. Sasa nikisimama Kibirizi au Katonga naweza kukuonyesha zote alizoziandika kwa yule samaki.

Kuna jambo tusilokubaliana hadi leo. Haandiki maneno ya kumpiga mtu kijembe. Dada mmoja mwenye kibanda cha chipsi alitaka ubaoni pake maneno ya kumjibu jirani, fundi akakataa, akasema rangi ya mafuta haifutiki kama hasira. Namheshimu, lakini wanawake wa Ujiji wanajibizana kwa kanga tangu enzi za bibi zetu, na mji haujabomoka. Kibanda ni chake na fedha ni zake. Angemwandikia.

Bei: mimi nilinunua rangi mwenyewe Mwanga, yeye nikamlipa 80,000 kwa kazi yote, nusu mwanzo na nusu mwisho. Wengine wanatoza chini ya hapo. Kwa pindo lile na lile tawi naona nililipa kidogo.

Ziwa lilipofunguliwa boti iliingia na dagaa usiku wa kwanza. Nyekundu imeanza kupauka, nyeusi na nyeupe ziko imara, na sehemu inaposuguliwa na kamba ya nanga herufi N ya mwisho imechubuka. Ameahidi kuirudia bila malipo. Pale bandarini ipo meli ya Liemba, ambayo Wajerumani waliiita Graf von Goetzen, wakaizamisha wenyewe mwaka 1916, na ilipoinuliwa Waingereza wakairudisha kazini mwaka 1927 kwa jina jingine. Nikipita nayo nafikiri juu ya hayo. Boti yangu ni ndogo sana mbele yake, lakini jina lake nimelichagua mimi. Wasichana wa vichanjani sasa wanaita "Binti Kalinzi anaingia" kabla sijaiona mwenyewe, na wawili kati yao, wote wa milimani, wameniuliza kikoba chetu kinakutana lini.

Ukimtaka huyu fundi, mfuate siku za giza, mwezi usipoonekana, vijana wakiwa ziwani na yeye ana nafasi. Mbalamwezi ikitoka boti zote ziko mchangani na utasubiri. Nenda na rangi yako, nenda na kitu unachotaka akitazame, kama ni kanga, picha au tawi, na mwambie mapema kuhusu namba ya simu.