Padi ya kuchezea gemu za zamani mtandaoni: kagua msalaba wa mishale kwanza

Wiki mbili nzima niliilaumu intaneti bure. Kila Jumamosi usiku tunakutana watu wanne, mimi, mdogo wangu na marafiki wawili niliosoma nao, kila mtu akiwa kwake. Tunafungua RetroArch, emuleta, yaani programu inayoendesha gemu za mashine za zamani kwenye kompyuta, na kucheza gemu za Super Nintendo na Mega Drive kana kwamba tumekaa mbele ya televisheni moja. Nilipoleta padi mpya, mdogo wangu akaanza kulalamika. Kwenye skrini yake mhusika wangu hatembei, anarukaruka: mara yuko hapa, mara karudishwa hatua mbili. Nikaacha Wi-Fi nikachomeka waya. Tukabadilisha kompyuta inayokuwa mwenyeji wa mchezo. Tukahakikisha sote wanne tuna toleo lilelile la emuleta na nakala ileile ya gemu. Kuruka hakukuisha.

Siku moja nikafungua kile kidirisha cha Windows cha kujaribia padi (bonyeza kitufe cha Windows pamoja na R, andika joy.cpl), nikashikilia mshale wa kulia. Kulia peke yake. Alama ikawa haitulii: kulia, kulia-chini, kulia, kulia-juu, kulia. Dole gumba langu halikusogea hata kidogo. Padi ndiyo iliyokuwa ikisema nisichokisema.

Tangu nilipowasimulia wenzangu kisa hiki, watu kadhaa wameniletea malalamiko yaleyale, na wote walinunua kwa kufuata miongozo inayosifu taa, mtetemo na muda wa betri. Basi mwongozo huu hautagusa taa. Betri karibu zote siku hizi zinatosha kumaliza usiku mmoja. Nitazungumzia ule msalaba wa mishale upande wa kushoto, kwa sababu gemu za zamani zilitengenezwa kwa ajili yake, na kwa sababu msalaba mbovu ukicheza mtandaoni humharibia na mwenzako.

Acha nieleze kwa nini, maana hapa ndipo wengi wanapopotea. Gemu hizi huenda kwa takriban fremu (picha) 60 kwa sekunde, yaani kila fremu ni milisekunde 16.7 hivi. Ikiwa ujumbe kutoka kwako hadi kwa rafiki unachukua milisekunde 50, taarifa ya kitufe ulichobonyeza inamfikia ikiwa imechelewa fremu 3. RetroArch haimngojeshi. Kompyuta yake inakisia kwamba bado umebonyeza kilekile ulichokuwa umebonyeza mara ya mwisho, na gemu inaendelea. Taarifa ya kweli ikifika na kuonyesha kwamba ulibadilisha, kompyuta inarudi kwenye hali iliyokuwa imehifadhiwa, inazirudia zile fremu 3 upesi kwa vitufe vya kweli, kisha inaonyesha matokeo. Fightcade, programu nyingine ya kucheza gemu za zamani mtandaoni, nayo inafanya kazi kwa wazo hilohilo, kupitia GGPO, mfumo wa ukisiaji uliobuniwa na Tony Cannon, ambayo tangu 2019 msimbo wake uko wazi kwa kila mtu.

Ukisiaji huo unafaa sana kwa sababu vidole vya binadamu ni vizito. Ukishika kulia kwa sekunde nzima, hayo ni mabadiliko mawili tu: kubonyeza na kuachia. Katikati hapo kompyuta ya rafiki yako inakisia sawasawa. Sasa chukua msalaba unaopepesa. Kila unapodondokea kulia-chini na kurudi kulia, umemtumia mabadiliko mawili ambayo hukuyafanya, na kila badiliko ni kurudi nyuma na kurudia kwenye mashine yake. Wewe unaona mambo shwari kwako, yeye anaona panzi. Mnaweza kuongeza fremu za kusubiri kwenye mipangilio ili kuruka kupungue, lakini hapo mnalipa wote kwa kosa la padi moja, kwa sababu vitufe vya kila mtu vinakuwa vizito.

Na gemu yenyewe? Kwenye Contra ya NES, mshale wa chini unamlaza askari chini. Chini-kulia kunamwinua na kumtembeza huku akielekeza bunduki chini. Msalaba ukikosea kidogo tu, umesimama mbele ya risasi iliyokuwa ipite juu yako. Hicho pia ndicho kipimo changu kwa padi yoyote: nalala chini kwenye Contra, kisha nabingirisha dole gumba taratibu kushoto na kulia bila kuliinua. Padi nzuri inakubali ulegevu kiasi kabla ya kumwinua askari. Padi mbovu inamwinua ukipumua.

Chanzo kiko ndani. Msalaba hukalia nundu ndogo katikati, kama ule ubao wa bembea ambao watoto hukaa ncha mbili wakipanda na kushuka. Ukibonyeza upande mmoja, mwingine unainuka. Chini yake kuna mpira wenye vidonge vya kaboni vinavyogusa bodi. Nundu ikiwa fupi, msalaba unazama mzima na kugusa pande mbili kwa pamoja. Mpira ukiwa laini kupita kiasi, hata uzito wa kidole unatosha. Gunpei Yokoi wa Nintendo aliuweka msalaba huu kwenye Donkey Kong ya Game & Watch, mashine ndogo ya gemu ya mkononi, mwaka 1982, na ukiifungua padi ya Super Nintendo ya enzi zile utaona jinsi nundu ile ilivyo imara. Hilo si fumbo la kisayansi. Ni plastiki ya milimita chache, na bado kuna watu wanatengeneza padi leo bila kuijali. Hilo ndilo linaloniuma.

Haya, tupange.

Ya kwanza kwangu ni 8BitDo Pro 2, na sifichi kwamba naipenda kampuni hii. Ilitoka 2021. Msalaba uko juu kushoto pale dole gumba linapotua lenyewe, vile vijiti vya kusukuma kwa dole gumba viko chini yake, na umbo lake linakaa mkononi kuliko padi bapa za zamani. Programu yake inakuruhusu kubadilisha kila kitufe, na mgongoni ina vitufe viwili vya ziada ambavyo mimi nimevipa kazi ya kuhifadhi hali ya gemu na kuirudisha ninapocheza peke yangu. Ina swichi ya kuchagua aina ya kifaa unachounganisha, inatumia Bluetooth au waya wa USB-C, na betri yake inatoka, kwa hiyo ikizeeka unaweka mawe mawili ya kawaida ya AA na maisha yanaendelea. Nimecheza nayo miezi mingi na msalaba haujawahi kunisingizia. Kwenye mchezo wa mtandaoni chomeka waya. Bluetooth inaongeza ucheleweshaji wake juu ya ule wa mtandao, na hakuna sababu ya kubeba mizigo miwili.

Ya pili, ya 8BitDo pia, ni M30. Hii ni kwa wanaopenda Mega Drive na gemu za mapigano. Ina vitufe sita usoni kwa mpangilio wa Sega, msalaba wa duara unaoteleza vizuri, na haina vijiti kabisa. Ukicheza Street Fighter II ukawa unazungusha robo duara mara mia kwa usiku mmoja, hutatamani padi nyingine. Kwa nini basi si ya kwanza? Kwa sababu ukihamia gemu za Nintendo 64 au PlayStation zinazotaka kijiti, umekwama, na usiku wetu wa Jumamosi hauishii kwenye kifaa kimoja.

Nafasi ya tatu naipa padi ya asili kabisa, ile iliyotoka na mashine yake, pamoja na adapta ya USB. Raphnet wanatengeneza adapta nzuri za Super Nintendo, NES, Nintendo 64 na nyingine. Ukiwa na padi ya zamani iliyotunzwa, msalaba wake ndio kipimo ambacho wengine wote wanakifukuza. Lakini sharti iwe imetunzwa. Mpira wa ndani unachoka, na padi iliyochezewa miaka thelathini inaweza kuwa na msalaba mbaya kuliko ya dukani. Mpira mpya unauzwa peke yake, na kuubadilisha ni kazi ya bisibisi na dakika chache. Kuna tatizo la pili: ile ya Super Nintendo haina kitufe cha ziada cha kufungulia menyu, kwa hiyo weka kibodi karibu.

Nintendo wenyewe wana padi ya Super Nintendo isiyo na waya, waliyoileta 2019 kwa ajili ya Switch. Inaungana na kompyuta kwa Bluetooth, na msalaba wake ni wa kuaminika. Kinachonikera ni kwamba wanaiuzia wanachama wa huduma yao ya kulipia tu. Mtu anayetaka kununua padi anyimwe padi kwa kuwa hajajisajili mahali fulani! Waliobaki wanaangukia mikononi mwa walanguzi, ambao wanajua hilo na wanapandisha bei watakavyo.

DualSense ya Sony, padi ya PlayStation 5, ni chaguo la mtu ambaye tayari anayo nyumbani. Mikono minne ya msalaba imetenganishwa, kwa hiyo mshale wa uongo ni nadra. Ubaya ni kwamba kuzungusha kutoka chini hadi kulia kunakwaruza, na baada ya saa mbili za gemu ya mapigano ngozi ya dole gumba inajua. Padi ya Xbox ya kizazi cha 2020 naiweka chini yake, ingawa Microsoft wamesafiri mbali tangu ile ya Xbox 360, ambayo msalaba wake ulikuwa mbaya hadi 2010 wakatoa toleo lenye msalaba wa kugeuza. Mpya ni sahihi, lakini kila mshale unalia kama kalamu ya kubonyeza, na kama mnaongea kwa maikrofoni mkicheza, wenzako watasikia kila hatua yako. Sisi tulimwomba rafiki yetu abadilishe.

Padi za bei ya chini zenye umbo la Super Nintendo na waya wa USB nitazigusa kidogo tu. Nyingi hutoka kwenye muundo mmoja zikiwa na majina kumi. Unaweza kubahatika. Mimi nilinunua mbili za picha ileile, moja ikawa nzuri na nyingine ndiyo iliyotufanya tugombane wiki mbili.

Na hapo wauzaji wa mtandaoni wanahusika. Nilipokwenda kusoma upya maoni ya wanunuzi kwenye tangazo lile, maoni yote ya nyota tano yalisifu mzigo kufika haraka na boksi kuwa zuri. Hakuna hata mmoja aliyesema ameijaribu kwenye gemu. Nikashuka chini zaidi nikakuta maoni ya zamani yanazungumzia kifuniko cha simu. Muuzaji alikuwa amebadilisha bidhaa ndani ya tangazo lilelile ili abaki na nyota zake. Huo ni udanganyifu, na anayeumia ni yule anayejinyima ili anunue padi moja tu. Kuna pia wanaobandika picha ya padi ya kampuni inayojulikana wakati wanatuma nakala nyepesi isiyo na jina. Na kuna wale wanaoongeza neno "retro" na rangi ya kijivu, kisha bei inapanda kwa kitu kilekile. Soma maoni ya nyota mbili na tatu kwanza. Hao ndio waliocheza.

Padi ikifika, siku hiyohiyo fungua kidirisha cha kujaribia, shika kila mshale kwa hesabu ya kumi, na uangalie kama alama inatulia. Kisha Contra. Fanya hivyo kabla muda wa kurudisha haujapita, hata kama umenunua ile niliyoiweka ya kwanza, kwa sababu padi moja kati ya nyingi inaweza kutoka na kasoro.

Kama muda umeshapita, bado kuna njia. Fungua skrubu za nyuma, inua bodi, na kwenye kila alama nne zinazoguswa na vidonge vya msalaba funika sehemu ndogo ya ukingo kwa selotepu nyembamba, ukiacha katikati wazi. Sasa kidonge lazima kibonyezwe sawasawa ndipo kiguse. Anza na kipande chembamba sana, maana ukizidisha, mielekeo ya mshazari uliyoikusudia, kama kulia-chini, nayo itagoma. Yangu ilinichukua majaribio matatu. Usiku huo mdogo wangu hakuambiwa kitu. Tulicheza saa nzima, kisha akauliza nimebadilisha intaneti gani.