UDRP ya WIPO: domeini nimerudishiwa, hela ndo basi tena

Haya, na mimi niandike, maana wakati nahangaika sikupata wa kunielezea kwa lugha ya kawaida. Kuna jamaa alisajili domeini (anwani ya tovuti) yenye jina la biashara yangu, kaongeza kistari tu katikati, kabandika logo yangu na picha zangu, wateja wakawa wanamlipa yeye. Nilishtuka pale mtu aliponitumia meseji "mzigo wangu vipi, wiki ya pili hii", naangalia oda zangu simwoni popote.

Nikapeleka malalamiko WIPO (shirika la Umoja wa Mataifa la hakimiliki na alama za biashara) kwa utaratibu wa UDRP, yaani ule wa kutatua migogoro ya domeini, uliowekwa tangu 1999 na ICANN, wale wanaosimamia majina ya domeini duniani. Ada dola 1,500 kwa domeini moja hadi tano, ukiamuliwa na mtu mmoja. Inauma jamani. Ila kila kitu kinaenda kwa imeili, hakuna kusafiri wala kusimama mbele ya hakimu, na wakili si lazima. Jamaa alikuwa kaficha jina kwenye usajili nikajua nimekwama, kumbe WIPO wanaiandikia kampuni iliyomsajilia, jina linatoka, we unapewa siku 5 urekebishe malalamiko, na domeini inafungwa asiihamishe. Yeye akapewa siku 20 za kujibu, kimya.

Sasa sikia, akikaa kimya haimaanishi umeshinda. Unathibitisha vitu vitatu vyote: jina linafanana na alama yako ya biashara hadi kuchanganya watu, yeye hana haki nalo, na kalisajili na kulitumia kwa nia mbaya. Hivyo viwili vya mwisho kwangu vilikuwa mteremko, cha kwanza ndo kilinitoa jasho kwa sababu alama yangu sikuwahi kuisajili (uvivu tu, sina cha kujitetea). Alama isiyosajiliwa inakubalika, ila lazima uoneshe watu wakisikia hilo jina wanakujua wewe, ikabidi nifukue risiti za miaka na miaka, matangazo, meseji za wateja, mpaka ile ya "mzigo wangu vipi" nikaiambatanisha.

Nawapa 4 kwa 5. Hiyo moja naikata kwa sababu ukishinda unapewa domeini au inafutwa, basi, fidia hakuna na ada yako harudishi mtu. Ukitaka fidia nenda mahakamani na dai la mtu kujifanya biashara yako. Dai lenyewe lina meno: mwaka 1998 Mahakama ya Rufaa ya Uingereza iliwapa ushindi Marks & Spencer, Virgin na wenzao dhidi ya kampuni ya One in a Million, waliokuwa wamejisajilia majina ya watu wayauze, ikaonekana majina yale yenyewe ni zana za utapeli. Lakini gharama za mawakili sasa, mie niliishia hapo.

Uamuzi ukitoka bado unasubiri siku 10 za kazi, asije akakimbilia mahakamani. Hakwenda. Domeini sasa inaleta watu kwenye tovuti yangu, na yule wa meseji nilimtumia mzigo kwa hela yangu mwenyewe.