Boksi la Nargis: picha tano, na ile kubwa imekatwa kichwa

Boksi hili nimelinunua Kariakoo kwa shilingi 65,000, nikalipakata ndani ya basi hadi Tanga, na kwa siku tisa mimi na mama yangu tumekuwa tukiliangalia kila baada ya Isha. Ndani mna DVD tano: Andaz (1949), Awaara (1951), Shree 420 (1955), Mother India (1957) na Raat Aur Din (1967). Kuna na kijitabu cha kurasa 24 kinachosimulia maisha ya Nargis, mwigizaji wa zamani wa picha za Kihindi ambaye yumo katika zote tano. Watu wengi wananiuliza kama linafaa kununuliwa, hasa wenye wazee nyumbani, na nimeona niwajibu kwa urefu kwa sababu jibu si la neno moja. Mimi ni fundi cherehani, mwaka wa 31 huu, na kwenye picha yoyote jicho langu hukimbilia nguo kabla halijafika usoni.

Mama ana miaka 84. Mother India aliiona akiwa bibi harusi wa miezi mitatu, kwenye onyesho la wanawake watupu, Jumapili mchana, ukumbi umejaa mabuibui, watoto na harufu ya bisi. Kihindi hakujua na hakijui mpaka leo. Nyimbo ndizo zilizomshika. Tuni za picha za Kihindi ziliingia kwenye taarab yetu, kina Juma Bhalo wakazitilia maneno ya Kiswahili, kwa hiyo kwa wazee wa pwani muziki ule si wa wageni. Ndiyo maana nililinunua boksi: nilitaka mama amwone tena Radha, yule mama anayechezwa na Nargis katika Mother India, kabla macho yake hayajafifia zaidi.

Nianze na zilizonifurahisha. Awaara imetoka vizuri sana. Ni nyeusi na nyeupe, mikwaruzo ipo hapa na pale, lakini hawakuichezea. Nargis ni Rita, wakili kijana, na picha inaanzia mahakamani, yeye anamtetea kijana mshitakiwa na kumhoji hakimu ambaye ndiye aliyemlea. Hakimu ni Prithviraj Kapoor, mzee mwenye sauti kama ngoma. Mtazameni Nargis anavyomsogelea: hapandishi sauti hata kidogo, anapandisha kidevu tu. Alikuwa na miaka 22. Na kwenye DVD hii unaona mpaka uzi wa sari yake ulivyofumwa, unajua hii pamba, hii hariri, na mikunjo ya mbele imeshikwa na mtu anayejua kazi.

Shree 420 nayo ni safi. Kila mtu anakumbuka wimbo wa mvua, wawili chini ya mwavuli mmoja, lakini nyumbani kwetu tumerudia zaidi ule wa vitendawili. Nargis hapo ni Vidya, mwalimu maskini, amekaa na watoto anawategea, na majibu ni komamanga, pilipili, mahindi. Nilimweleza mama mara moja tu kwamba wanategeana vitendawili. Akacheka, akasema, "Kumbe! Miaka yote hii naimba nisichokijua." Sari ya Vidya ni ya pamba nyepesi isiyo na pindo la maana, na bado haiwezekani kumtazama mtu mwingine kwenye chumba kile.

Dosari moja inazigusa hizi mbili pamoja na Andaz. Ukiweka kwenye deki na tivii ya kisasa, picha inavutwa kwa upana na Nargis anakuwa na mashavu ya mtu aliyeng'olewa jino. Hili linatibika. Chukueni rimoti ya tivii, siyo ya deki, tafuteni kitufe cha umbo la picha, chagueni 4:3. Pembeni patabaki weusi. Huo weusi uacheni, picha zile zilipigwa hivyo. Dosari ya pili haitibiki: maandishi ya chini ni ya Kiingereza na Kiarabu tu, na wimbo ukianza yanapotea. Aliyeamua hivyo hajui picha za Kihindi. Mambo ambayo watu wameshindwa kuambiana nusu saa nzima wanaambiana kwenye wimbo, na hapo ndipo wametuacha gizani.

Andaz sitaikalia sana. Nargis yumo na Dilip Kumar na Raj Kapoor, ni msichana wa kitajiri anayepanda farasi na kucheka na rafiki wa kiume, na picha inamwadhibu kwa kicheko hicho hadi inamfungia gerezani. Ameicheza vizuri kuliko hadithi yenyewe inavyostahili.

Sasa Mother India. Hapa nilikasirika kwelikweli.

Kitufe cha rimoti hakikusaidia, kwa sababu hii imekatwa huko huko ilikotengenezwa. Ili ijae kwenye tivii pana, wameondoa kipande cha juu na kipande cha chini. Nenda kwenye Radha akivuta plau. Ng'ombe hawapo, mume amekwenda zake baada ya jiwe kumponda mikono yote miwili, mkopeshaji anachukua robo tatu ya mavuno kama riba ya rupia 500, na mama huyu ameingiza bega lake mwenyewe penye nira. Watoto wake wako naye shambani, wimbo unapigwa. Uzito wote wa pale uko sehemu mbili, paji la uso lililokunjamana na mikono iliyoshika mti. Kwenye boksi hili paji limekatwa juu na mikono imekatwa chini. Tumebakiziwa pua na mdomo.

Na kilichobaki wamekisugua. Chembechembe za filamu zimefutwa kwa kompyuta mpaka ngozi imekuwa kama mshumaa. Tope halishiki, jasho halionekani. Sari yake iliyochakaa, ambayo mimi ningeweza kuwaambia imefuliwa mara ngapi, imekuwa rangi tupu isiyo na uzi. Kazi yote ya mwigizaji huyu katika picha hii imo kwenye jasho na tope. Alikuwa hajatimiza miaka 30 akamcheza Radha toka bibi harusi hadi bibi kizee mwenye mvi, na Sunil Dutt aliyekuwa mwanawe Birju alizaliwa siku tano tu baada yake: Nargis Juni 1, 1929, Sunil Dutt Juni 6. Ukiambiwa hivyo huamini, kwa sababu mwisho wa picha, bunduki ikiwa mkononi na mwanawe mbele yake, humwoni msichana yeyote pale. Unamwona mama aliyechoka. Uso uliofanya hivyo mtu ameusafisha kama anayepaka rangi ukuta.

Mama alinyamaza muda mrefu, halafu akaniuliza, "Mwanangu, mbona hana kichwa?"

Kijitabu kina picha nzuri, ila kurasa nne zimekwenda kwa Raj Kapoor na mbili kwa moto. Moto ni kweli: wakipiga Mother India nyasi zilizowashwa ziliwazidi, Sunil Dutt akaingia kumtoa, na mwaka 1958 wakaoana. Lakini Jaddanbai, mama yake Nargis, kapewa mistari miwili! Jaddanbai alikuwa mwimbaji, akawa miongoni mwa wanawake wa kwanza kutunga muziki wa picha za Kihindi, akaanzisha kampuni yake mwenyewe ya picha, na ndiye aliyemsimamisha bintiye mbele ya kamera mwaka 1935, mtoto wa miaka sita. Binti jina lake la kuzaliwa Fatima Rashid, mwenyewe alitaka awe daktari. Akiwa na miaka 14 mwongozaji Mehboob Khan akampa nafasi ya stelingi katika Taqdeer, na huyo huyo Mehboob ndiye aliyekuja kumpa Radha. Unaielezaje kazi ya mtu huyu bila kumweleza mama yake? Mimi kushona nilifundishwa na mama, kwenye cherehani ya miguu iliyokuwa sebuleni, na mtu akisifu kola yangu bila kumtaja yeye naona sifa haijatimia.

Mwisho wake nao kijitabu kimeukimbilia. Tuzo zimetajwa sawasawa, ile ya tamasha la filamu la Karlovy Vary ya 1958 kwa ajili ya Radha, na Mother India kufika kwenye orodha ya Oscar ya picha za lugha za kigeni. Mwaka 1980 aliteuliwa kuingia Rajya Sabha, baraza la juu la bunge la India. Saratani ya kongosho ikamchukua Mei 3, 1981, siku chache tu kabla picha ya kwanza ya mwanawe Sanjay kama stelingi haijatoka. Hayo yote yamebanwa kwenye nusu ukurasa, chini ya tangazo la boksi jingine.

Raat Aur Din ndiyo iliyonishangaza, maana sikuijua. Alishaolewa, ana watoto, alishaacha kazi, hii ilikuwa ikikamilishwa taratibu kwa miaka. Ni mke mtulivu ambaye usiku anageuka mtu mwingine, anavaa, anakwenda kucheza muziki, asubuhi hakumbuki kitu. Sauti ya DVD ina mvumo kama wa friji, lakini vumilieni. Tazameni mabega. Varuna wa mchana anayashusha, Peggy wa usiku anayarudisha nyuma, na unajua nani ameingia chumbani kabla hajasema neno. Ilimpa tuzo ya taifa ya India ya mwigizaji bora wa kike, na aliistahili.

Nilimpigia muuzaji. Alikuwa mwungwana, akasema, "Dada, irudishe nikubadilishie." Nikaituma kwa basi, ikaja nyingine, kichwa hakuna vilevile. Toleo zima liko hivyo. Kwa hiyo ushauri wangu: mkilipata kwa 40,000 lichukueni kwa ajili ya Awaara, Shree 420 na Raat Aur Din. Kwa 65,000, hapana. Mother India tafuteni ya zamani, ile ya kasha la plastiki jeusi inayouzwa peke yake. Mimi nimeipata kwa 15,000 kwa mzee mmoja anayeuza mitumba ya sidii hapa hapa Tanga. Rangi imepauka na katikati kuna mstari wa kijani unaocheza kama dakika tatu.

Jana usiku nikaiweka. Picha inaanza na Radha akiwa mzee, ameshika donge la udongo, analisogeza usoni. Uso upo, mkono upo, udongo unaonekana chembe kwa chembe. Mama akavuta kiti mbele mpaka magoti yakagusa meza ya tivii.

"Huyu sasa ndiye," akasema. "Ongeza sauti."