"Mama, Waache Wageni Waone Kwanza": Safari Yangu ya Kutazama Nyangumi Watamu

Nianze na nyota, wenye haraka waende zao: moja. Ningetoa sifuri lakini sifuri haipo.

Urefu wa boti, nguvu ya injini, kama kuna choo au hakuna, hayo wenyewe wameyajaza kwenye tangazo lao na picha wameweka. Mimi nina maneno matano tu ya kuzungumzia, maneno aliyoambiwa mama yangu katikati ya bahari, mbele ya watu, na kijana wa umri wa kitinda mimba wake. Nitafika huko. Kwanza niwaeleze mama yangu ni nani, maana bila hilo mtasema nakuza mambo.

Mama ni mtu wa Amu, yaani Lamu. Babake alikuwa mvuvi, na nyumbani kwao habari za nyangumi zilikuwa kama habari za jamaa aliyehamia mbali: kila mtu anazo, hakuna aliyewahi kumtembelea. Babu alikuwa akisema msimu wa kusi, usiku mmetulia na mishipi yenu, ghafla mnasikia kama mtu anapumua gizani, pumzi ndefu ya aliyechoka, na hapo nyote mnanyamaza. Mama alikua na pumzi hiyo masikioni. Lakini wasichana hawakupelekwa kuvua. Akaolewa Mombasa, akatuzaa, akapita miaka sabini bila kumwona huyo nyangumi. Mpaka siku moja mpwa wangu akamwonyesha kwenye simu nyangumi akiruka mzima mzima nje ya Watamu. Mama akauliza mara tatu: "Hapa? Hapa hapa Watamu?"

Basi nikalipa. Watu sita tu kwa boti, walituahidi, kikundi kidogo, kila mtu anahudumiwa kama familia. Hilo neno familia lishikeni.

Tulilala Gede kwa shangazi, alfajiri tukapanda tuktuk hadi ufukweni. Mama alikuwa na ndimu mbili za kunusa kwenye pindo la leso, kipande cha tangawizi, na buibui lake jipya. Ungedhani anakwenda kuposa. Wenzetu walikuwa Waitaliano wanne: mume na mke wazee, na wasichana wawili. Watamu na Malindi, Kiitaliano ni lugha ya kazi ufukweni, kwa hiyo sikushangaa mwongozaji, ndiye huyo kijana, alipoanza maelezo kwa Kiitaliano. Nilishangaa alipomaliza. Alieleza, akachora kwa mikono, akawachekesha, kisha akatugeukia sisi wawili akasema, "Sawa, eh?" Sawa nini? Robo saa nzima ya maelezo, sisi tumegawiwa neno moja na mguno.

Nilichokuja kukijua siku ile nilikipata kwa nahodha, mzee mmoja mkimya mwenye kofia iliyopauka kwa chumvi. Kijana akiwa mbele anagawa kahawa, mzee alimweleza mama kwa sauti ya kushindana na injini. Kwamba hawa ni nyangumi wa nundu. Kwamba malisho yao yako kusini kabisa, kwenye barafu za Antaktika, wanakula vijikamba vidogo vidogo mpaka wananona, kisha kusi ikishika wanapanda huku kwenye maji ya moto kuzaa na kutafuta wenza, Julai mpaka Oktoba hivi. Na kwamba huku chini yetu mama nyangumi hali karibu kitu chochote.

"Anafunga?" mama akauliza.

"Anafunga, na ananyonyesha."

Mama akatikisa kichwa kwa huruma, kama aliyesimuliwa shida za jirani.

Mjue kwamba msimu wa nyangumi ndio huo huo msimu wa bahari mbaya. Kile kisiwa cha jabali wanachokiita Whale Island kilibaki nyuma yetu, nahodha akatania kwamba huyo ndiye nyangumi pekee wa Watamu asiyehama. Tulipotoka nje ya mwamba hakuna aliyetania tena. Boti ilikuwa ikipanda, inasita juu, halafu inadondoka kwa kishindo mpaka meno yanagongana. Mmoja wa wale wasichana akatapika. Mama akafungua pindo akampa ndimu moja. Mimi mwenyewe, nisiwafiche, nilikuwa nimejaa mate mdomoni na nimeganda kwenye kiti kama chaza.

Tukazunguka kwa muda mrefu bila kitu. Mwongozaji na darubini yake anatazama kaskazini. Mama alikuwa anatazama upande mwingine, macho ameyafinya, kimya.

Halafu akasimama. Akashika bomba la turubai kwa mkono mmoja, mwingine ameunyoosha, na akisisimka Kiamu humtoka chenyewe: "Ndooni muone! Yule! Yule!"

Nami nikauona: mvuke mweupe umesimama juu ya maji, ukakaa kidogo, ukachanika na upepo.

Sasa sikilizeni. Yule kijana aligeuka. Hakutazama mama anakoonyesha. Alimtazama mama mwenyewe, kwamba amesimama mbele ya kamera za watu. Akaja, akamwekea mkono begani, akamkalisha, na akasema: "Mama, waache wageni waone kwanza."

Wageni! Nimelichambua hili neno tangu siku ile na bado halijaniisha. Mgeni njoo, mwenyeji apone, ndivyo tulivyolelewa. Haya, mgeni amekuja, na mwenyeji anasukumwa bega akae chini. Nani kamwona nyangumi? Yeye. Nani alikuwa na haki ya kuona kwanza, mtu aliyefika na ndege juzi au binti wa mvuvi aliyesubiri miaka yote hiyo? Na wale Waitaliano hata hawakuomba. Yule bibi wa Kiitaliano alimwona mama akikaa, akasogea, akapigapiga ubao karibu yake, kwamba njoo hapa. Ubaya haukutoka kwa mgeni. Ulitoka kwa mtoto wetu.

Mama hakujibu. Alitengeneza buibui lake begani pale alipoguswa, basi. Nami mwanamume mzima nikanyamaza. Nikitaka kuwa mkweli, nusu ya hasira ninayoandika nayo hapa ni ya hilo.

Aliyejibu ni nahodha, na hakufungua mdomo. Alipunguza injini, akazungusha usukani polepole mpaka boti ikageuka, na ubavu aliokalia mama ukawa ndio unaotazamana na nyangumi. Kisha akatoa gia, injini ikabaki inanguruma tu. Waitaliano na kamera zao wakajikuta wao ndio wanaochungulia nyuma ya kichwa cha mama yangu. Nahodha akatazama mawingu.

Walikuwa wawili, mama na mwanawe. Mtoto wa nyangumi huyu huzaliwa tayari ana mita nne hivi, na mkubwa hufika mita 15 na tani 30, lakini hesabu hizo si kitu mpaka mgongo uanze kupita mbele yako na usiishe. Unapita, unapita, nundu inatokea, na bado unapita. Mama mtu aliinua pezi la ubavuni, refu kama mlingoti, jeupe kwa chini, akalilaza majini taratibu. Mtoto alikuwa anajirusharusha bila mpango.

"Sogea kidogo, wapige picha," kijana akamwambia nahodha.

"Ana mtoto. Hatusogei. Akitaka atakuja."

Akaja. Si karibu sana, lakini karibu ya kutosha kusikia. Alipotoa pumzi, sauti ilikuwa nzito, ndefu, kama mlango mkubwa wa mbao unaoburutwa, na upepo ukatuletea harufu yake, ambayo, samahani, ni ya samaki aliyelala siku mbili. Wasichana wakaziba pua. Mama hakuziba. Alikuwa amefumba macho! Nimelipa pesa zote zile aone nyangumi, naye amefumba macho.

"Ndiyo hii," akasema. "Ndiyo hii aliyokuwa akiisema baba."

Basi hapo nyota zinakuwa tatu. Nne? Tatu.

Maana hamjasikia la mwisho. Tukirudi, maji yametulia ndani ya mwamba, yule kijana akaja akaketi karibu na mama, akatoa simu, akamwonyesha picha ya mkia aliyoipiga. Akaanza kumweleza. Kwamba chini ya mkia kila nyangumi ana madoa yake, kama alama za vidole vyetu, na kwamba pale Watamu kuna watu wa Watamu Marine Association wanaokusanya picha hizi, ili akirudi msimu mwingine wamjue kuwa ni yule yule. Alieleza vizuri! Kiswahili safi, kitamu, kila swali la mama na jibu lake, "ndiyo mama", "hapana mama". Mama akamuuliza mamake mzazi yu hali gani, akamwombea dua. Watu wangeona wangesema ni mtu na mwanawe.

Na hilo ndilo lililonipandisha hasira upya. Kumbe unayo! Kumbe maneno yote unayo, kwa lugha ya mamako, na asubuhi nzima umetunyima. Rudisheni ile moja.

Ngoja. Kuna jambo nimelikwepa tangu mwanzo na wenye kampuni wakisoma watalisema, kwa hiyo niseme mimi. Tulilipa bei ya raia. Ni chini ya waliyolipa wale wanne, na si chini kidogo. Kwa hiyo labda kijana alikuwa amepigiwa hesabu ofisini, nani analeta bakshishi na nani analeta ndimu. Naelewa. Lakini bei ya raia mliiweka wenyewe, na hakuna mahali mlipoandika kwamba raia awe wa pili kumwona nyangumi.

Niliporudi Mombasa niliwatumia ujumbe mrefu wa malalamiko, nikaeleza kila kitu, neno kwa neno. Jibu likaja siku ya pili: pole kwa usumbufu, tunathamini maoni yako, tafadhali tupatie nyota tano. Nikamwonyesha mama. Akacheka mpaka akakohoa.

Yeye, sasa, hana neno na mtu. Amesimulia mtaa mzima. Nyangumi anazidi kukua kila jioni, mtoto wake sasa ni pacha, nahodha amekuwa mtu wa Amu kwa upande wa nyanya, na mwongozaji kwenye hadithi hiyo hayumo kabisa, hata jina la kazi yake hamtaji. Nikimkumbusha ananiambia, "Wewe ulikuwa unatapika, ulijua nini?" Sikutapika. Nilikaribia.

Nyota mbili, basi, na zote ni za nahodha. Mama anataka kurudi kusi ijayo, na boti anayoitaka ni ile ile, kwa sababu ya mzee. Nimeshapiga simu kuulizia. Bei ya raia imepanda.