Uzoefu wangu: kumaliza kesi ya mkataba kwa maridhiano rufaa ikiwa bado mahakamani

Nawaandikia hasa wenzangu wa soko la samaki la Mwaloni Kirumba hapa Mwanza na wa visiwa vya Ziwa Victoria, maana biashara zetu nyingi ni za mkopo na nyingi huishia kwa hakimu. Huduma ninayoizungumzia ni ya wakili wa hapa Mwanza aliyenisimamia kwenye rufaa, pamoja na utaratibu wenyewe wa kusajili suluhu mbele ya jaji. Nimeridhika sana, ingawa sikupata kila nilichokuwa nadai.

Nilimuuzia tajiri mmoja wa kambi ya dagaa mitumbwi na mashine zake kwa mkataba wa maandishi, alipe kwa awamu. Awamu za mwanzo alilipa, kisha akagoma akidai mashine moja ni mbovu. Mahakama ya wilaya ikanipa ushindi: deni lote, riba na gharama za kesi. Akakata rufaa Mahakama Kuu.

Wengi hudhani rufaa ikikatwa utekelezaji wa hukumu unasimama. Hausimami mpaka mahakama itoe amri ya kuuzuia, kwa hiyo ningeweza kuendelea kukaza hukumu, yaani kuitekeleza. Wakili akanieleza waziwazi: dalali wa mahakama akikamata mitumbwi na kuinadi, bei ya mnada huenda isifikie deni, na mdaiwa atakuwa hana tena chombo cha kumwingizia hela ya kumalizia. Na rufaa nayo inaweza kunigeukia. Tukaomba shauri liahirishwe tuzungumze, jaji akakubali. Katiba yetu, Ibara ya 107A, inazitaka mahakama zikuze usuluhishi.

Mazungumzo yalikwama kwenye tarehe. Upande wa pili ulitaka kulipa kila mwisho wa mwezi, nikakataa. Mtu wa dagaa hana mshahara. Hela anaipata kwenye giza, yaani siku ambazo usiku hauna mbalamwezi, maana dagaa huvuliwa kwa taa. Mbalamwezi ikiwaka taa hazivuti samaki, vyombo vinalala ufukweni. Ukimwekea tarehe ya malipo katikati ya mbalamwezi, umemwandalia kushindwa na wewe umejiandalia kesi nyingine. Tukakaa na kalenda, kila awamu ikaangukia siku chache baada ya giza kwisha, na tarehe zikaandikwa kamili kwenye hati. Wakili alilielewa hilo haraka, na kwangu mimi ndipo alipostahili ada yake.

Nilisamehe riba. Gharama za kesi kila upande ulibeba zake, na fedha za kutengeneza ile mashine zikapunguzwa kwenye deni. Nilichong'ang'ania ni kifungu kimoja: akikosa awamu moja tu, salio lote linadaiwa papo hapo.

Jambo la pili alilolifanya vizuri ni kutukataza kuandikiana karatasi mtaani halafu rufaa iondolewe. Karatasi ya mtaani huzaa ubishi mpya, huyu anasema tumemalizana, yule anasema bado. Hati yetu ilipelekwa mahakamani chini ya Amri ya 23, Kanuni ya 3 ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai. Jaji akamuuliza kila mmoja wetu kama amesaini kwa hiari yake, akaisajili, ikawa tuzo ya mahakama, yaani amri inayotekelezwa kama hukumu. Tuzo ya maridhiano haikatiwi rufaa; anayetaka kuitengua lazima aonyeshe jambo zito kama udanganyifu. Kwa hiyo someni kila mstari kabla ya kusaini.

Kasoro ninayoiona ni mawasiliano. Mahakama ya Rufani ilipokuwa na vikao vyake hapa Mwanza, wakili hakupatikana kwenye simu, na nakala ya tuzo niliifuatilia mwenyewe masjala.

Mpaka sasa mdaiwa wangu analipa kwa tarehe. Ila njia hii siipendekezi kwa kila mdai. Kama mdaiwa wako ameshaanza kuuza mitumbwi yake au kuihamishia kwa ndugu, usimpe awamu, kaza hukumu mapema.