Saikasi za vitalu vya barabarani: kagua ukuti, tikisa shina, ndipo ulipe

Kwa uwanja wenye jua na mwenye nyumba asiye na muda wa kumwagilia kila jioni, saikasi, mmea wa mapambo unaofanana na mnazi mfupi, ni ununuzi mzuri. Kasoro iko kwenye jina. Neno "saikasi" kitaluni huweza kubeba mimea mitatu au minne, kila mmoja na ukubwa wake, matunzo yake na hata sheria yake.

Anza na ukuti mmoja, uuinue juani. Ukiona njiti moja imepita katikati ya kila kijijani cha ukuti, kama chelewa ya mnazi, bila mishipa mingine, umeshika Cycas, jenasi (kundi la spishi za karibu) pekee katika familia ya Cycadaceae. Usipoiona njiti hiyo, bali mishipa mingi myembamba inayokwenda sambamba, hiyo ni familia ya Zamiaceae, yenye jenasi nyingine zote tisa. Na kufanana na mnazi kusikudanganye: saikadi, yaani mimea yote ya familia hizi mbili, hazitoi maua kabisa, nazo ni jamaa wa misonobari kuliko wa minazi.

Saikasi halisi ya mapambo ni Cycas revoluta, mmea wa kusini mwa Japani na visiwa vya Ryukyu. Kingo za vijijani vya ukuti wake zimejikunja kuelekea chini na ncha zake zinachoma. Kingo zikiwa bapa na ukuti mpana, laini, huenda ni mtapo wa pwani yetu, Cycas thouarsii: mti mzuri, ila makuti yake huzidi mita 1.5 na shina hupanda mita kadhaa, kwa hiyo haufai chungu wala chini ya dirisha. Ukuti mnene kama kadibodi, wenye unga wa kahawia, ni Zamia furfuracea ya Meksiko.

Sasa mizizi, ambako pesa nyingi hupotea. Saikasi ndogo mara nyingi ni machipukizi yaliyong'olewa ubavuni mwa mama. Chipukizi likichomekwa kwenye kiriba na makuti yake yote, hukaa kijani wiki nyingi kwa akiba iliyomo shinani huku halina hata mzizi mmoja. Shika shina, ulitikise polepole. Likicheza, ama liache ama lipunguziwe bei, kisha uliokoe hivi: kata makuti yote, acha kidonda kikauke kivulini wiki moja hadi mbili, lizike nusu tu kwenye mchanga mkali, mwagilia kidogo. Mizizi huchukua miezi. Shina likibonyea kwa kidole, limeoza. Usilinunue kwa bei yoyote.

Muuzaji akikuambia mche ni jike, muulize ameona nini. Saikadi jike na dume ni mimea tofauti, lakini haitambuliki kwa macho kabla ya kuzaa. Chipukizi pekee ndilo lina uhakika, kwa kuwa jinsia yake ni ile ile ya mmea lilikong'olewa, uwe jike au dume.

Kwa mbegu, kuna kipimo cha maji: inayozama ni nzima, inayoelea ni tupu. Kwa mtapo kipimo hicho hakifai. Mbegu yake ina tabaka la sponji ndani, kwa hiyo hata iliyo nzima huelea. Maganda ya nje yaondoe ukiwa umevaa glavu, maana yana sumu.

Mchanganyiko wa kupandia: sehemu moja udongo wa bustani, moja mchanga mkali, moja kokoto ndogo. Samadi mbichi shinani huozesha. Mwagilia udongo ukishakauka vidole viwili kwenda chini. Makuti mapya hutoka yote kwa pamoja. Kipindi hicho usigeuze chungu, yatapinda. Yakitoka yamesinyaa na kukaukia ncha, mara nyingi mmea umekosa madini ya manganizi, na mbolea ya kawaida haitausaidia. Ukiona vijizizi vinene vilivyojigawa kama matumbawe vikichungulia juu ya udongo, tafadhali usivikate. Si ugonjwa. Ndani yake wanaishi sayanobakteria, vijidudu wanaoulisha mmea naitrojeni ya hewani.

Kagua pia upande wa chini wa makuti. Weupe kama unga uliomwagwa ni wadudu gamba, na wabaya zaidi, Aulacaspis yasumatsui, hushuka hadi mizizini, kwa hiyo kupulizia majani peke yake hakutoshi. Mmea wa namna hiyo usiuingize uwanjani hata ukipewa bure. Wenye mbwa na watoto wajue kwamba sehemu zote zina sumu iitwayo saikasini, na mbegu ndizo hatari kupita zote.

Jambo la mwisho ni zito. Ukuti usio na njiti, wenye meno makali kingoni, juu ya shina nene, unaweza kuwa Encephalartos, mathalani E. hildebrandtii wa misitu ya pwani ya Kenya na Tanzania. Jenasi hiyo nzima imo katika Kiambatisho cha Kwanza cha CITES, mkataba wa kimataifa wa biashara ya mimea na wanyama walio hatarini kutoweka. Mche mdogo uliooteshwa kwa mbegu huwa na mizizi iliyojaa kiriba. Shina nene lenye mizizi iliyokatwa kwa panga, makuti yamefyekwa yote na kuvu-mwani wa msituni bado umeganda ubavuni, limechimbwa porini. Hilo usilinunue.